Kufufua injini ya treni ya mvuke: mwongozo kamili kwa fundi aliyejifunza mwenyewe

Kwenye Makumbusho ya Reli jijini Nairobi imesimama injini namba 5918, Mount Gelai. Boila lake lina kipenyo cha zaidi ya mita 2, na reli iliyolibeba ina upana wa mita 1 tu. Injini za daraja hilo, la 59, zilijengwa 34 mjini Manchester, Uingereza, na kampuni ya Beyer, Peacock mwaka 1955 na 1956. Kila moja ilipewa jina la mlima wa Afrika Mashariki. Gelai uko kaskazini mwa Tanzania, karibu na Ziwa Natron. Injini hiyo ikijazwa maji na mafuta ilikuwa na uzito wa takriban tani 252, na mzigo wake kutoka Mombasa kupanda Nairobi ulikuwa tani 1,200. Dizeli ilipotwaa kazi, 5918 ikabaki makumbusho. Miaka mingi baadaye mafundi waliiwasha tena, ikavuta abiria. Kwa hiyo swali la kama kazi hii inawezekana kwetu lina jibu tayari.

Limebaki swali la kama wewe, usiye na shahada, unaiweza. George Stephenson, mjenzi mashuhuri wa injini za mvuke za reli, alizaliwa mwaka 1781 katika kijiji cha Wylam, Uingereza, baba yake akiwa mchochea moto wa mtambo wa mgodi. Alifika miaka 18 hajui kusoma, akajilipia masomo ya usiku kwa mshahara wake. Mwaka 1811 alitengeneza mtambo wa kuvuta maji wa Killingworth uliokuwa umewashinda wenzake, na mwaka uliofuata akakabidhiwa mitambo ya migodi ile. Shule yake ilikuwa kufungua na kufunga, kufungua na kufunga.

Mimi nilijifunza mvuke kwenye boila la kiwanda cha chai. Kazi yangu ilikuwa kumshikia mzee mmoja taa huku yeye akigonga vyuma kwa nyundo ndogo na kutega sikio. Siku moja akanipa nyundo. "Unasikia tofauti?" Sikusikia. Nilikaa na nyundo ile wiki tatu kabla sikio halijafunguka. Mwongozo huu nimeuandika kwa mtu aliye ndani ya wiki hizo tatu.

Kabla ya yote shika hili: fundi asiye na cheti hana ruhusa ya kukisia. Mhandisi akikosea, wanamuuliza hesabu zake. Wewe ukikosea, watasema hukusoma, na watakuwa na haki kama huna vipimo vya kuwaonyesha. Nunua daftari gumu leo, kabla ya spana.

Hatua ya 1: Kabla hujagusa nati

Jua injini ni ya nani. Nyingi zilizobaki ni mali ya mashirika ya reli, makumbusho, au viwanda na mashamba yaliyokuwa na reli zake. Hata ile iliyoota nyasi nyuma ya karakana ina mwenyewe. Pata ruhusa kwa maandishi, na andikeni tangu mwanzo nani atamiliki spea mtakazotengeneza.

Kama una nafasi ya kuchagua, anza na ndogo: injini ya kupanga mabehewa stesheni, au ya shamba. Kanuni za mvuke ni zilezile, ila boila dogo unaweza kulinyanyua kwa krini ya kukodi.

Soma bamba la mtengenezaji, uandike namba ya kiwanda na mwaka. Halafu pekua namba zilizogongwa kwenye vyuma vyenyewe. Mara nyingi zitapishana, kwa sababu karakana za zamani zilikuwa zikihamisha vyuma kutoka injini moja kwenda nyingine, na mchoro wa injini yako unaweza usilingane na chuma ulichonacho. Michoro na kumbukumbu za Beyer, Peacock zimehifadhiwa kwenye jumba la makumbusho ya sayansi na viwanda huko Manchester. Waandikie ukitaja namba ya kiwanda.

Na mwite mkaguzi wa boila mapema. Kenya na Tanzania zote zina sheria ya usalama mahali pa kazi inayotaka boila la mvuke likaguliwe na mtu aliyeidhinishwa. Mafundi wengi humwita mwishoni, rangi ikiwa imeshakauka. Mwite boila likiwa chafu, umuulize angependa kuona nini na kwa kipimo gani. Kazi aliyoiona tangu mwanzo haitamtia wasiwasi mwishoni.

Hatua ya 2: Kufungua

Chini ya mabati ya nje ya boila kuna kitambaa cha kuhifadhi joto, na kwenye injini za zamani mara nyingi kitambaa hicho ni asbesto. Kwa macho huwezi kuitofautisha. Vumbi lake likiingia mapafuni halitoki, na saratani yake huja baada ya miaka mingi, wakati umeshasahau ulifungua bati gani. Usifungue bati hata moja kabla sampuli haijapimwa maabara. Ikiwa ni asbesto, mamlaka ya mazingira, NEMA kwa Kenya au NEMC kwa Tanzania, itakuelekeza kwa wenye leseni ya kuiondoa. Hapa ndipo fedha za mwanzo zitakapokwenda, na zina haki ya kwenda.

Baada ya hapo, piga picha kila kitu kabla ya kukifungua, pande nne, ukiweka rula pembeni. Kila kipande kipate kibati chenye namba iliyogongwa kwa tindo. Kalamu ya wino itafutika kwa mafuta. Bolti na nati zirudishwe kwenye mashimo yake au zifungwe pamoja na kipande chake.

Angalia sana thredi. Injini za Kiingereza za zamani zimefungwa kwa thredi za Whitworth, zenye pembe ya digrii 55, ilhali bolti za milimita tunazonunua dukani zina digrii 60. Bolti ya Whitworth ya nusu inchi ina thredi 12 kwa inchi. Ya Kimarekani ya nusu inchi ina 13. Ukiitia ya dukani itaingia mizunguko miwili mitatu, utadhani imekubali, kisha itakaza. Ukiilazimisha kwa spana ndefu, umeua tundu lililodumu tangu kiwandani. Nunua geji ya thredi; bei yake ni ndogo kuliko ya kosa moja.

Nati iliyoganda haitaki nguvu za mwili. Mimina mafuta ya kupenyeza, ilale usiku, kesho ipashe moto nati yenyewe, si bolti, ili itanuke na kujiachia. Ikikataa, rudia. Nimewahi kurudia siku tisa kwa nati moja.

Hatua ya 3: Boila

Hapa ndipo utatumia nusu ya muda wako, na mimi nitatumia sehemu kubwa ya maneno yangu.

Boila la injini ya reli ni pipa refu lenye jiko upande mmoja. Moto unakaa jikoni, moshi wake wa moto unapita ndani ya mirija iliyozungukwa na maji, unatokea kwenye chumba cha moshi mbele na kupanda bombani. Jiko lenyewe limezungukwa na maji pande zote na juu. Kati ya ukuta wa ndani wa jiko na ukuta wa nje kuna nafasi nyembamba ya maji, na kuta hizo mbili zimeshikanishwa na mamia ya vyuma vifupi viitwavyo stei. Bila stei, presha ingezifumua kuta hizo.

Toa mirija yote. Usishawishike na mirija inayoonekana mizima, maana bila kuitoa huwezi kuona tumbo la pipa, na tumbo ndiko kutu inakojificha, pale matope ya maji yalipolala kwa miaka. Kisha ondoa ukoko. Ni ukoko kweli, kama wa sufuria ya wali, ila huu ni wa chumvi na chokaa. Ukiwa mnene unazuia joto lisifike kwenye maji, na chuma kilicho chini yake kinaungua.

Chuma kikishakuwa safi, pima unene kwa kipimo cha mawimbi ya sauti. Chora gridi kwa chaki, kila mraba usizidi sentimita 30, na pima kila makutano. Mahali palipopungua, chora gridi ndogo ndani ya ile kubwa. Andika kila namba kwenye mchoro wa boila. Sasa piga hesabu, na nitakuonyesha kwa mfano wa kubuni ili uone unene una uzito gani.

Tuseme pipa lina kipenyo cha milimita 1,500, bati lake milimita 15, na presha ya kazi ni paundi 225 kwa inchi ya mraba, ambayo ni kama nyutoni 1.55 kwa milimita ya mraba. Zidisha presha kwa kipenyo, gawa kwa unene mara mbili: 1.55 × 1,500 ÷ 30 ni 77.5. Huo ndio mvuto ndani ya bati kwa kila milimita ya mraba. Kama chuma chenyewe hukatika kwenye 400, basi una nguvu mara 5.2 ya inayotakiwa. Lakini bati limeungwa kwa ribiti, na tuseme maungio yana asilimia 85 ya nguvu ya bati zima; unabaki na mara 4.4. Sheria ya Marekani ya injini za mvuke inataka isipungue mara 4. Sasa kutu imekula milimita 3 tu. Mvuto unapanda hadi 96.9, na akiba yako inashuka hadi mara 3.5. Kwa macho, bati la milimita 12 na la 15 yanafanana kabisa. Ndiyo maana nakataza kukisia.

Ukipata upungufu una njia mbili za heshima: kushusha presha ya kazi, au kukata na kubadilisha bati. Njia ya tatu, kujazia kwa kuchomelea juu ya kutu, imeua watu. Kuchomelea boila si kazi ya welda wa mageti, hata awe hodari vipi. Tafuta mwenye cheti cha vyombo vya presha, akupe kipande cha majaribio kikatwe na kupindwa kabla hajagusa boila lako.

Sasa stei. Mtu mmoja aingie jikoni na nyundo ndogo, mwingine ashike chuma kizito upande wa nje. Stei nzima ikigongwa hulia, sauti ina mkia. Iliyokatika hujibu kwa sauti fupi iliyokufa, na mkono wako utahisi nyundo ikikaa badala ya kuruka. Nyingi hukatikia upande wa ukuta wa nje, na hasa zile za pembe za juu za jiko, kwa sababu jiko hutanuka zaidi ya ukuta na kuzipinda kila moto unapowashwa na kuzimwa. Stei nyingi zina tundu jembamba limetobolewa katikati kutokea nje. Kazi ya tundu hilo ni kuvuja: stei ikipasuka, mvuke utatoka hapo na kukuambia. Ukikuta tundu limezibwa kwa rangi au, vibaya zaidi, kwa kuchomelewa, kuna mtu zamani alinyamazisha shahidi. Zizibue zote.

Mirija mipya ikatwe kwa kipimo, iingizwe, kisha itanuliwe kwa chombo cha rola mpaka ishike ukuta, na upande wa moto mdomo wake ukunjwe. Fanya mazoezi kwanza kwenye bati chakavu lenye matundu yaleyale. Ukitanua kidogo utavuja. Ukitanua mno utapasua daraja la chuma lililo kati ya tundu na tundu, na hapo umeharibu ukuta mzima.

Mwisho wa hatua hii ni jaribio la maji. Jaza boila pomoni, ukiacha tundu la juu kabisa wazi hadi hewa yote itoke. Maji hayabanwi, kwa hiyo kitu kikiachia, presha hushuka papo hapo. Hewa hubanwa, na ikiachia hulipuka. Usijaribu boila kwa hewa, hata kwa presha ndogo. Tumia maji ya uvuguvugu na pampu ya mkono, panda taratibu, simama kila paundi 50, zunguka na taa. Kanuni ya Marekani ni kufika asilimia 25 juu ya presha ya kazi. Kwa paundi 225 ni kama 281. Nchi nyingine zinataka zaidi, na mkaguzi wako ndiye wa kusema. Tone moja kwenye mdomo wa mrija si msiba. Ukuta unaobonyea ni msiba, kwa hiyo weka rula kwenye kuta bapa kabla na wakati wa jaribio.

Hatua ya 4: Magurudumu na beringi

Inua fremu kwa jeki nne, toa ekseli, pima. Gurudumu la injini lina tairi ya chuma iliyovalishwa kwa moto: tairi hutengenezwa ndogo kidogo kuliko gurudumu, kama sehemu moja kwa elfu ya kipenyo, ikapashwa ikatanuka, ikavalishwa, ikapoa na kubana. Igonge. Ikilia vizuri imeshika. Ikitoa mlio wa chungu kilichopasuka, imelegea.

Beringi za zamani si za mipira. Ni vipande vya shaba vilivyomwagiwa metali nyeupe, mchanganyiko wa bati jeupe, antimoni na shaba kidogo. Kumwaga upya si kugumu ila kunataka usafi: yeyusha metali ya zamani itoke, paka tabaka jembamba la bati jeupe, pasha moto kiota chote, yaani kile kipande cha shaba, ndipo umwage kwa mkupuo mmoja. Unyevu wowote ndani ya kiota utarusha metali ya moto usoni mwako. Kisha kwangua kwa mkono, ukipaka rangi ya buluu kwenye ekseli kuona inagusa wapi.

Hatua ya 5: Silinda na valvu

Silinda ipimwe kwa mikromita mbele, katikati na nyuma, wima na ulalo. Ikiwa imekuwa yai, ichongwe na pistoni ipate ringi mpya.

Kupanga valvu kunawatisha wengi bure. Unachotafuta ni mvuke uingie mbele na nyuma ya pistoni kwa kiasi sawa, na kwanza lazima ujue pistoni inafika wapi hasa mwisho wa safari yake. Kwa macho hutajua, kwa sababu pale mwisho gurudumu huzunguka kidogo wakati pistoni karibu haisogei. Fanya hivi. Sogeza injini mpaka pistoni ikaribie mwisho, ibaki kama sentimita moja. Chora mstari mwembamba kwenye kichwa kinachoteleza, kile kinachounganisha fimbo ya pistoni na mkono wa gurudumu, na mwingine kwenye njia kinamoteleza, ilingane. Chukua fimbo ya chuma yenye ncha mbili, ncha moja kwenye alama ya kudumu uliyoipiga kwenye fremu, na kwa ncha ya pili kwaruza tairi. Endelea kusogeza injini upande uleule, pistoni ifike mwisho na kuanza kurudi, mpaka ile mistari miwili ikutane tena. Kwaruza tairi mara ya pili. Katikati ya mikwaruzo hiyo miwili ndipo mwisho wa safari. Rudisha injini nyuma kupita alama, kisha uilete mbele tena mpaka ncha iangukie katikati, ili ulegevu wa beringi usikudanganye. Rudia kwa kila upande, mbele na nyuma. Vipimo vyote vya valvu vitaanzia hapo.

Hatua ya 6: Spea zisizouzwa popote

Mtafute seremala kabla ya mfua chuma. Spea ya kumiminwa huanza na umbo la mbao, na mbao hiyo lazima iwe kubwa kuliko spea, kwa sababu chuma hupungua kikipoa: chuma cha kumimina kwa takriban asilimia 1, shaba kwa asilimia 1.5 hivi. Kamukunji na Gikomba, jijini Nairobi, utapata mikono hodari kuliko unavyodhani, mradi uende na mchoro wenye vipimo badala ya maneno. Lakini spea yoyote inayobeba presha au uzito wa treni inunuliwe chuma chake kwa cheti cha kiwanda. Chuma chakavu kisichojulikana asili hakina nafasi kwenye boila.

Hatua ya 7: Moto wa kwanza

Mkaguzi awepo. Jaza maji yaonekane robo ya kioo, kile kinachoonyesha kiwango cha maji ndani ya boila, maana yatatanuka. Washa moto mdogo, uuache mdogo. Boila baridi la injini kubwa lipe usiku mzima kupata mvuke. Chuma cha jiko na cha pipa havitanuki kwa kasi moja, na pupa ya asubuhi moja hupasua mirija uliyoitanua kwa mwezi. Kwenye paundi 225 maji yanachemkia nyuzi joto 203 hivi.

Jambo la kufa na kupona ni maji juu ya paa la jiko. Tarehe 16 Juni 1995, karibu na Gardners, Pennsylvania, injini 1278 iliyojengwa mwaka 1948 ilikuwa ikivuta watalii. Njia za kioo cha maji zilikuwa zimeziba kwa ukoko, kioo kikaonyesha maji ambayo hayakuwapo. Paa la jiko likabaki kavu, likalainika kwa moto, likaachia. Watu watatu waliokuwa kwenye chumba cha dereva waliungua. Haikulipuka nzima kwa sababu baadhi ya safu za stei zilishikilia. Bomba jembamba lililoziba lilikuwa sehemu kubwa ya msiba ule.

Kwa hiyo kabla ya kila moto, na mara kadhaa kwa siku: funga koki ya mvuke na ya maji ya kioo, fungua ya chini, kioo kitoke kitupu. Fungua ya maji peke yake, itoke kwa nguvu. Ifunge, fungua ya mvuke peke yake, nayo itoke kwa nguvu. Kisha funga ya chini na fungua zote. Maji yaruke kurudi mahali pake mara moja. Yakipanda polepole kama yanayosita, njia imeziba, na moto uzimwe. Fanya hivyo kwa vioo vyote viwili.

Valvu za usalama ziachie kwenye presha iliyowekwa, mbele ya mkaguzi, kisha zifungwe kwa madini ya risasi yenye muhuri. Injekta zote mbili, vifaa vinavyosukuma maji ndani ya boila kwa nguvu ya mvuke, zifanye kazi bila kukataa. Hapo ndipo mvuke uingizwe silindani, vali za kutolea maji zikiwa wazi, injini isogee mita tano mbele, mita tano nyuma. Shuka, gusa kila beringi kwa mgongo wa mkono. Iliyo vuguvugu ni sawa. Inayokuchoma, isimame.

Hatua ya 8: Kesho yake

Acha boila lipoe lenyewe. Usimwage maji ya moto wala kutia ya baridi. Likishapoa, fungua vifuniko vya kusafishia, osha kwa mpira wa maji wenye nguvu, na tazama kilichotoka kwenye ndoo. Matope mekundu ni kutu, vipande vyeupe vigumu ni ukoko. Maji ya kisima cha chumvi yatakurudisha kwenye Hatua ya 3 haraka, kwa hiyo pima maji kabla ya kuyatia dawa. Kuosha kurudiwe angalau kila siku 31 za kazi.

Kaza upya nati zote za gasketi. Andika daftarini saa za moto, presha ya juu uliyofika, beringi zilizopata joto, stei zilizovuja na namba zake, na nani alikuwapo. Weka sahihi, na mwombe mkaguzi naye aweke yake.